Sakafu ya Vigae vya Misheni

Nyumba yetu ya mtaa wa Mazwi ilikamilika juu kabla ya kukamilika chini. Mabati yalikuwa yamepigwa, kuta za matofali ya kuchoma zimesimama vizuri, mlango wa mbele una kitasa, lakini ndani tulikanyaga udongo uleule waliokanyaga mafundi wakati wa kujenga. Mume wangu alikuwa bwana shamba, mzaliwa wa Ufipa. Mimi nilikuwa mwalimu wa darasa la tatu, niliyeletwa Sumbawanga kutoka kwetu Rungwe kwa barua ya uhamisho. Nilikuja nikidhani nitakaa miaka miwili, nikakuta mume.

Kiangazi cha kwanza katika nyumba ile kilinifundisha vumbi ni nini. Upepo wa Ufipa wa mwezi wa tano haubishi hodi. Unapita chini ya mlango na juu ya ukuta. Nikifagia asubuhi, vumbi linainuka, linazunguka sebule nzima, linasalimia kila kitu, kisha linarudi kukaa palepale lilipokuwa. Nilikuwa nanyunyizia maji kama mama zetu walivyokuwa wakifanya, lakini udongo ule ulikuwa wa kujazia tu, haukupigwa wala kusilibwa kwa udongo laini. Ukinyunyizia maji unakuwa tope, yakikauka unakuwa vumbi tena.

Ningevumilia kama si funza. Binti yetu alikuwa ndiyo kwanza anaanza kusimama kwa kushika viti, akawa analia kila akikanyaga. Nilimpeleka kliniki. Muuguzi, mama mmoja mnene mwenye mikono myepesi sana, alitoa funza wanne kwenye vidole vya mguu mmoja huku akimwimbia, kisha akanitazama.

"Mwalimu," akasema, "funza hawatoki kwa mtoto. Wanatoka sakafuni. Mtoto nimemtibu mimi. Sakafu kaitibu wewe."

Kutibu sakafu kulihitaji saruji, na miaka ile saruji ilitoka kwa kibali. Mume wangu aliandika barua mbili. Majibu yalikuja kwa adabu: kwanza zahanati, kwanza madarasa, kwanza maghala ya vijiji, kisha watu binafsi watafikiriwa. Sikuweza hata kulalamika. Wiki ileile nilikuwa nimewafundisha watoto wangu ubaoni kwamba cha wote hutangulia cha mmoja, na mmoja wao aliandika sentensi hiyo kwa mwandiko mzuri nikampa alama zote.

Basi siku moja mume wangu alirudi kutoka safari ya kazi akiwa amefunga kitu kwenye gunia nyuma ya baiskeli. Alikiweka mezani, akakifungua taratibu. Kilikuwa kigae cha udongo wa kuchoma, mraba, kinene kama vidole viwili, chekundu kama tofali lililoiva vizuri, na upande wa juu umekuwa laini kwa kukanyagwa miaka mingi.

"Misheni wanabomoa sakafu ya bwalo la zamani," akasema. "Nimezungumza na bruda anayesimamia karakana. Anasema anayevitaka na aende akavitoe mwenyewe."

"Vyote?"

"Vyote. Kwa sharti moja. Tusimwachie takataka."

Ilikuwa likizo ya mwezi wa sita, kwa hiyo kazi ya kuvitoa iliniangukia mimi. Mume wangu alikuwa na wakulima wake wa kuwatembelea. Nilimwacha binti kwa jirani, nikavaa kanga mbili, nikapanda nyuma ya baiskeli ya mume wangu hadi misheni, nyundo ikiwa mapajani.

Bruda alikuwa mzee mrefu, Mzungu, aliyekaa Ufipa miaka mingi hata Kiswahili chake kilikuwa na lafudhi ya Kifipa. Alinitazama, akatazama nyundo yangu, akaichukua na kuiweka pembeni.

"Hiyo ya kuua nyoka," akasema. Akanipa nyundo ndogo na tindo pana la kukatia mawe. "Kigae hakitaki nguvu. Kinataka mlango. Tafuta kimoja kilichokwisha kupasuka, kivunje hicho kabisa, ukitoe. Sasa umepata mlango. Wengine utawaingilia kutoka ubavuni. Tindo lilale, lisisimame. Ukilisimamisha, unapasua."

Alivipa vigae ngeli ya watu, "wengine", na mpaka leo nikivifikiria navifikiria hivyo. Nilipata kimoja kilichopasuka karibu na dirisha, nikakivunja, nikaanza. Chini yake kulikuwa na chokaa ya zamani na mchanga, imechoka, inamomonyoka ukiigusa. Unalaza tindo, unagonga mara mbili tatu, kigae kinatoa sauti nyingine, kama mtu anayeamka, kisha kinainuka. Cha kwanza kilinivunjikia. Cha pili pia. Cha tatu kilitoka kizima, nikakishika mikononi nikacheka peke yangu katika bwalo lile tupu.

Nilifanya kazi siku tatu. Vidole vilichubuka, magoti yalivimba, lakini kufika siku ya tatu nilikuwa nikijua kwa sauti tu kigae gani kitatoka na kipi kitakaidi. Jioni bruda alikuja kunionyesha jinsi ya kuvikwangua chokaa upande wa chini kwa kisu butu. Aliniambia pia jambo ambalo sikulielewa thamani yake wakati ule: "Ukienda kuvipanga, usianze ukutani. Hakuna ukuta ulionyooka duniani. Funga uzi katikati ya chumba, anzia hapo." Nilimpelekea mume wangu maneno hayo kama nilivyopewa. Alitikisa kichwa kwa heshima, akayasahau.

Vigae vilisafiri kwa mkokoteni wa maksai, vimesimama kwa ubavu kama vitabu kabatini, nyasi kavu kati ya mstari na mstari. Tulipoteza kumi na moja tu njiani. Majirani walitoka kutazama. Hakuna mtu mtaani kwetu aliyekuwa na sakafu ya vigae; wenye bahati walikuwa na saruji iliyopakwa rangi nyekundu.

Mume wangu hakuweza kungoja. Ijumaa alifika mapema kutoka kazini, akavua shati, akafagia udongo wa sebuleni, akamwaga mchanga ndoo kadhaa, akausawazisha kwa ubao, akaanza kupanga vigae. Alianzia ukutani.

"Bruda alisema katikati," nikamkumbusha.

"Bruda anapanga bwalo la misheni. Hii ni sebule."

Alipanga kwa kasi ya mtu anayepanda mahindi mvua ikinyesha. Jumamosi jioni sebule nzima ilikuwa nyekundu. Ukuta, kama alivyosema bruda, haukunyooka, kwa hiyo mistari ilianza vizuri mlangoni ikaenda ikipinda mpaka dirishani, na mwisho ukabaki mwanya mwembamba upande mmoja na mpana upande mwingine. Hata hivyo nikiri: ilipendeza. Tuliweka viti, tukaweka meza, tukamwita binti aje akanyage. Nilimpikia mume wangu kuku.

Wiki iliyofuata mwalimu mkuu wangu alikuja kututembelea. Alikuwa mtu mkubwa wa mwili na wa cheo, mpole, anayezungumza kana kwamba kila sentensi inaandikwa kwenye ripoti. Nilimkaribisha kiti kizuri, katikati ya sebule. Nilimmiminia chai. Alikuwa akinieleza habari za bustani ya shule nilipoona mguu wa nyuma wa kiti chake unashuka. Haukuanguka, ulishuka polepole, kama jua. Kigae chini yake kiliinua pembe moja na kuzamisha nyingine. Mwalimu mkuu aliendelea kuzungumza. Aliinama kulia ili kufuata kiti, kikombe akakishika wima kwa ustadi mkubwa, mpaka ilipofika mahali ambapo adabu peke yake haikutosha. Kiti kikaenda, yeye akaenda nacho, chai ikaenda mbele yao wote wawili.

Mume wangu aliruka kumwinua. Mimi nilishika mdomo. Mwalimu mkuu aliketi palepale chini, akatazama sakafu, akatazama mlango, akasema kwa sauti yake ileile:

"Ndugu bwana shamba, naona sakafu yako inaelekea bondeni."

Tulicheka mpaka machozi, yeye kuliko sisi. Lakini alipoondoka, mume wangu alipiga magoti akagongagonga, na nusu ya sebule ikajibu kwa kucheza. Vigae vilikuwa vinatikisika kama meno ya mtoto wa miaka sita. Alichomeka vipande vya ubao chini ya vile vibaya zaidi.

"Itajikaza," akasema. "Udongo ukikaa, itajikaza."

Jumatatu aliondoka kwenda Wampembe kwa kazi ya wiki nzima huko ziwani. Jumanne mama yake akafika.

Mama mkwe wangu alikuwa akiishi katika kijiji kimoja karibu na Muze, kule bonde la Ziwa Rukwa kwenye joto. Alikuwa akipanda kutuona kila mwaka baada ya mavuno, na kila mwaka alifika akitetemeka na kulalamikia baridi yetu kana kwamba tumeitengeneza sisi. Mimi sikujua Kifipa cha kutosha, na yeye Kiswahili chake kilikuwa cha haraka na cha kukata, lakini tulielewana vizuri kuliko watu wengi wenye lugha moja. Nilipiga magoti nikamwamkia.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, mwanangu mwalimu. Hamjambo humu kwenye barafu?"

Aliingia, akasimama mlangoni, akatazama vigae kwa muda mrefu. Niliona vimemfurahisha. Kisha akavua viatu, akatembea polepole kuzunguka sebule kwa miguu mitupu, akikanyaga kwa kisigino. Alifika katikati, akasimama, akakanyaga tena. Akaenda jikoni, akarudi na mchi wangu, akagonga hapa, akagonga pale.

"Nani kapiga udongo huu?"

"Hakuna aliyeupiga, mama. Mwanao aliweka mchanga, akapanga."

"Aha." Akaketi kwenye kigoda, akaomba maji ya moto. Alipomaliza kunywa akasema, "Sakafu hii haijalala. Mmeivalisha nguo imesimama. Tuvitoe."

"Mama, mwenye sakafu hayupo. Yuko Wampembe."

"Mwenye sakafu ni anayeifagia," akasema mama mkwe wangu, akaanza kukunja kanga yake.

Kuvitoa kulichukua asubuhi moja, maana havikushikwa na kitu chochote isipokuwa matumaini ya mume wangu. Nilivisimamisha nje kando ya ukuta kwa mistari. Kisha tukaondoa mchanga, tukaanza kuchimba udongo wa kujazia. Pale katikati, palepale alipokaa mwalimu mkuu, jembe liliingia mpaka kwenye mpini. Tukachimba zaidi. Tulitoa magunzi ya mahindi, vipande vya matofali, majani yaliyooza, na shati kuukuu la fundi. Wale mafundi wetu walikuwa wamechimba shimo ndani ya nyumba la kukanyagia udongo wa kujengea, na walipomaliza walilijaza kila kilichokuwa karibu.

Mama mkwe alilitazama shati lile kwa uchungu. "Ungekuwa unakaa juu ya shimo hili miaka yote," akasema. "Ndiyo maana sakafu ilizama."

Siku ya pili tulileta mawe kutoka mtoni na changarawe nyekundu kutoka kwenye machimbo ya barabara, ndoo kwa ndoo. Tulijaza kwa tabaka, na yeye ndiye aliyepima kila tabaka kwa mkono. "Udongo mkavu hausikii," alinifundisha, "na udongo wa tope haushiki. Ukamate hivi. Ukikaa mkononi kama tonge la ugali, usivuje maji, usimomonyoke, huo uko tayari kupigwa." Nilikamata, nikatoa tonge langu. Alilitazama kama mwalimu anavyotazama daftari. "Maji kidogo," akasema. Mara ya tatu nilifaulu.

Lakini kupiga sebule nzima kwa watu wawili kungemaliza wiki. Kwa hiyo siku ya tatu mama mkwe alitoka nje, akasimama njiani, akawaita wanawake wa mtaa. Kwa kawaida za kwao Ufipa, kupiga sakafu si kazi ya mwanamke mmoja. Walikuja tisa, kila mmoja na mchi au gogo lake. Nilipika togwa ya ulezi debe zima. Wakajipanga mistari miwili, wakaanza kurudi nyuma hatua kwa hatua wakishindilia, na mmoja wao, mke wa fundi cherehani, akatunga wimbo palepale:

*Bwana shamba kalima sebule,*
*kapanda vigae havikuota,*
*mama yake kaja na mchi,*
*sasa tuone kama vitazaa.*

Waliurudia kwa Kiswahili, wakauimba kwa Kifipa, wakaongeza mistari ambayo mama mkwe alikataa kunitafsiria. Nyumba ilitikisika. Katikati ya wimbo balozi wetu wa nyumba kumi akatokea mlangoni, kofia mkononi, akiuliza kama kuna mkutano ambao yeye hakuarifiwa. Walimpa gogo. Alipiga sakafu nusu saa nzima, akaondoka akiwa amelowa jasho na kusema kwamba huu ndio ushirikiano.

Tulipumzika mchana, tumekaa nje juani, migongo imeegemea ukuta karibu na vigae. Mama mkwe alikuwa amechukua kimoja amekipakata. Nikamwuliza alijifunzia wapi kusikiliza udongo kwa kisigino.

"Kwenye nyumba yangu ya zamani," akasema. "Kabla hatujahamishiwa kijijini. Ile sakafu niliipiga mwenyewe nilipoolewa. Kila mwaka naisiliba, kila mwaka naisugua kwa jiwe. Ilikuwa nyeusi, inang'aa kama chungu kipya. Ukimwaga uwele, unauokota wote, haubaki hata punje." Alipapasa kigae mapajani. "Tulipohama tulichukua milango. Tukachukua miti. Hata nyasi za paa tulichukua zile nzuri. Sakafu huwezi kuichukua. Siku ya kuondoka niliifagia, basi."

"Na nyumba ya sasa, mama?"

"Ya sasa nafagia tu. Sijaipiga."

"Kwa nini?"

Aligeuza kile kigae, akatazama upande wa chini ambako bado palikuwa na madoa ya chokaa ya misheni. "Sakafu hizi lakini zinahama," akasema. "Zilikuwa kule, sasa ziko huku. Sijawahi kuona sakafu inayohama." Kisha akainuka, akawaita wenzake, na wimbo ukaanza tena.

Mume wangu alirudi Jumamosi mchana. Alikuwa na migebuka mikavu, samaki wa kule ziwani, kwenye kapu na tabasamu la mtu aliyekumbuka nyumbani. Nilimwona akisimama getini akitazama sakafu yake imejipanga nje ya nyumba kwa mistari. Akaja mpaka mlangoni. Ndani, sebule ilikuwa tupu, udongo mwekundu umepigwa ukawa mgumu kama jiwe, na mama yake amekaa katikati akimenya karanga.

Mimi nilijifanya napanga kapu. Alimwamkia mama yake, mama yake akaitikia, akaendelea kumenya. Basi mume wangu akavua viatu. Akaingia, akatembea, akakanyaga kwa kisigino pale katikati. Sauti ilitoka fupi na kavu. Akakanyaga tena.

"Kulikuwa na nini hapa?" akauliza.

Nilimwonyesha shati la fundi, ambalo nilikuwa nimelifua nikalianika. Alilishika, akalitazama mbele na nyuma, akaanza kucheka. Alicheka akakaa chini. Alipopata pumzi akasema, "Na mimi niliwaambia wakulima wa Wampembe wiki nzima kwamba kila kitu kinaanzia kwenye udongo."

"Ulisema kweli," mama yake akamjibu. "Sasa leta maji."

Safari hii nilipanga mimi. Nilifunga uzi kutoka katikati ya mlango hadi ukuta wa pili, na mwingine ukaukata wa kwanza katikati ya chumba, nikaanzia zilipokutana. Bruda alituletea mwenyewe chokaa mfuko mmoja, akakubali kula migebuka, akatazama ule udongo uliopigwa, akamwuliza mama mkwe kwa Kifipa maswali mengi. Sikuelewa majibu, lakini nilimwona akiinama kuugusa udongo kwa kiganja, na mama mkwe akijinyoosha mgongo.

Ugomvi ulikuwa mmoja tu. Mume wangu alijaza maji chupa bapa akaacha kiputo kidogo cha hewa ndani kama pimamaji ya fundi, akailaza juu ya ubao mnyoofu, akataka kila kigae kilale sawasawa kabisa. Mama yake hakutaka usawa huo. Alitaka sakafu iteremke kidogo sana kuelekea mlangoni.

"Mama, sakafu iliyoinama ndiyo iliyomwangusha mwalimu mkuu!"

"Ile ilikuwa inazama. Hii inateremka. Mkeo akiosha, maji yaende wapi? Ayanywe?"

Alichukua kata ya maji akaimwaga juu ya vigae ishirini vya kwanza ambavyo nilikuwa nimelaza kwa kufuata chupa. Maji yalitandaa, yakakaa. Yalikaa yakitutazama. Niliviinua mstari kwa mstari, nikapunguza chokaa unene wa ukucha kila nilipoukaribia mlango, nikavirudisha. Akamwaga tena. Maji yakafikiri kidogo, kisha yakaanza safari kuelekea mlangoni, taratibu, kwa heshima. Mume wangu aliiondoa chupa yake.

Yeye akawa mkataji. Aligundua kwamba ana mkono mzuri wa kukata: anachora mstari kwa ncha ya tindo, anaupitia mara nyingi bila haraka, kisha anagonga kwa nyuma na kigae kinaachia palepale. Vipande vya pembeni vyote vya sebule ile ni vyake. Tulifanya kazi siku nne, mimi magotini, yeye mlangoni akikata, mama mkwe akichekecha mchanga wa kujazia nyufa na kumzuia binti yetu asiingie. Tukamaliza kwa nta ya nyuki iliyoyeyushwa na mafuta ya alizeti, tukaisugua kwa matambara mpaka wekundu ukakolea.

Mwalimu mkuu tulimwalika tena. Alikishika kiti kwa mikono miwili akakitikisa kabla ya kukaa, na hakuomba radhi kwa kufanya hivyo. Binti yetu naye alijifunza kutembea mwezi uleule, na funza sikuwaona tena.

Mama mkwe alipojiandaa kurudi Muze, nilikuta ametenga vigae nje, arobaini na sita, vile vilivyobaki. Alikuwa amevipanga kwenye matenga mawili kwa ubavu, nyasi katikati, kama nilivyomsimulia vilivyosafiri kutoka misheni.

"Hivi hamvihitaji," akasema bila kunitazama.

"Hatuvihitaji, mama. Nitakuja likizo ya Desemba nikupangie."

Desemba ilipofika nilishuka Muze kwa lori la mizigo, barabara ya mteremko ikizunguka na kuzunguka mpaka masikio yakaziba, na joto likitupanda miguuni kama tunaingia kwenye maji ya kuoga. Niliwaza njiani kwamba nitahitaji siku mbili za kuchimba na kupiga kabla ya kupanga chochote. Nilipofika, nilivua viatu mlangoni, nikaingia nikimwamkia, na kisigino changu kikaniambia kila kitu. Udongo ulikuwa umepigwa, ukuta hadi ukuta. Ulikuwa umesilibwa na kusuguliwa, na karibu na kitanda ulikuwa umeanza kung'aa.

"Ulipiga lini?"

"Nilipofika tu," akasema. "Na wenzangu wa hapa. Wanajua kupiga, wale wa upande wa juu wa kijiji, sikujua kama wanajua."

Vigae arobaini na sita havitoshi chumba. Tulivipanga kati ya kitanda na mlango, pale anapokaa kuchambua mboga, mraba mdogo mwekundu ndani ya sakafu yake nyeusi. Nilimaliza saa saba mchana, jasho likinitiririka mpaka siwezi kuona uzi. Nilimwambia asikanyage mpaka kesho, chokaa ishike. Alisema sawa. Nilitoka kunawa, niliporudi nikamkuta amelala chali juu ya vigae, mikono ameitandaza, macho amefumba, mgongo wake wote umelalia ubaridi.

"Mama! Chokaa!"

"Mimi si mzito," akasema. "Funga mlango, joto lisiingie."